Kijana mrefu na mita mia: Bolt aliwezaje, na huyu wako aanzie wapi

Swali: "Shikamoo kocha. Nina kijana wa miaka 15, yuko fomu two, ana futi sita na inchi moja na bado anarefuka, viatu namnunulia kila baada ya miezi minne. Kwenye mashindano ya shule ngazi ya wilaya alikimbia mita mia, mpaka katikati alikuwa wa mwisho kabisa watu wanacheka, halafu akawapita wote akabakiza mmoja. Mwalimu wake wa michezo anasema mrefu hafai mia, ahamie mia nne au akacheze basketi. Mtoto kagoma, ananiambia mbona Bolt mrefu. Nimekosa la kumjibu. Hivi Bolt alifanyaje, na huyu wangu aanze na nini?"

Marahaba mdogo wangu. Swali lako nimelisoma mara mbili na hapo uliposema mpaka katikati alikuwa wa mwisho halafu akawapita wote akabakiza mmoja ndo nikakaa vizuri kwenye kiti, manake jibu lenyewe liko hapo, mwalimu kaangalia mwanzo wa mbio mwisho hakuuona. Simlaumu. Na mimi nimefundisha hivyo hivyo miaka mingi tu, ukiniletea mtoto mrefu namwangalia miguu nasema huyu mia nne, huyu kuruka juu, mia nawaachia wafupi wenye mapaja ya jiwe wanaochomoka kama wamekanyaga kaa la moto. Na usidhani ni ushamba wetu wa huku, hata Jamaika kwenyewe kocha wa Bolt alikuwa hataki akimbie mia. Kocha wake kabisa! Nitafika huko.

Ila kabla ya yote nikuonye kidogo. Watu wakisimulia habari za Usain Bolt wanaanzia Olimpiki ya Beijing 2008, jamaa anajipiga kifua kabla hajamaliza, kamba ya kiatu iko wazi, saa inasoma 9.69, halafu wanaruka moja kwa moja mpaka rekodi yake ya dunia ya Berlin 2009. Ukimwonyesha mtoto hizo video mbili tu utamharibu, atadhani mtu unalala mrefu unaamka bingwa. Sehemu inayokuhusu wewe mzazi ni ile ambayo haina video nzuri, toka 2004 mpaka 2007 mwanzoni, miaka ambayo Bolt alikuwa anaumia tu na watu wa kwao wenyewe walishaanza kumchoka.

Kazaliwa tarehe 21 Agosti 1986 kijijini Sherwood Content, wilaya ya Trelawny, kaskazini mwa Jamaika. Huko ni shamba hasa, wazazi wake walikuwa na kaduka ka vyakula, na eneo lote linasifika kwa viazi vikuu vya njano, baba yake aliwahi kuwaambia waandishi kwamba mbio za mwanawe zimetoka kwenye hivyo viazi. (Mzazi akiniuliza chakula cha mwanariadha huwa namwambia viazi vikuu Pemba vipo na Kagera vipo, mpe ale ashibe, ila kiazi peke yake hakijawahi kumshindia mtu mbio.) Mchezo wake wa kwanza ulikuwa kriketi, sio riadha. Alipofika sekondari ya William Knibb ni kocha wa kriketi ndo alimwona anavyokimbia akasema wewe nenda kwenye mbio. Huko akamkuta Pablo McNeil, mzee ambaye mwenyewe alishakimbia Olimpiki, na huyo mzee alipata tabu maana dogo alikuwa mtukutu, anapenda mizaha kuliko mazoezi.

Kitu ambacho Jamaika wanacho sisi hatuna ni mashindano yao ya shule za sekondari, wanayaita Champs, yapo tangu 1910, uwanja wa taifa Kingston unafurika watu kuangalia watoto wa shule, wimbo, matarumbeta, yani kama siku ya Simba na Yanga hivi. UMISSETA yetu ikipata robo ya ile kelele tutaanza kuzungumza mengine. Kwa hiyo mtoto wa kule mwenye mbio anaonekana, hawezi kupotelea kijijini.

Sasa angalia umri, manake ni huo huo wa mwanao. 2001 akiwa na miaka 14 alipelekwa Debrecen, Hungaria, mashindano ya dunia ya vijana, mita 200 hata fainali hakufika, alikimbia 21.73. Mwaka uliofuata, 2002, mashindano ya dunia ya chini ya miaka 20 yakafanyika Kingston, nyumbani kwao, yeye ana miaka 15 na urefu tayari mita 1.96, anashindana na wenye 18 na 19, na presha ilimbana mpaka akavaa viatu mguu siko, cha kushoto kulia, cha kulia kushoto. Akavirekebisha, akashinda mia mbili kwa 20.61, bingwa mdogo kuliko wote waliokuwa wamewahi kushinda mashindano yale mpaka wakati ule. 2003 akapiga 20.40 kwenye mashindano ya vijana Sherbrooke, Kanada, na mwaka huo huo kwenye Champs alikimbia mia nne kwa 45.35, kumbuka hiyo namba, nitairudia. Halafu Aprili 2004, Bermuda, akiwa bado 17, mia mbili kwa 19.93. Hakuna kijana chini ya miaka 20 aliyekuwa amewahi kushuka chini ya sekunde 20. Hakuna.

Hapo ndo nchi nzima ikaanza kuhesabu medali za Athens. Na hapo ndo mwili ukagoma.

Athens 2004 alitoka kwenye mchujo wa kwanza, 21.05, msuli wa nyuma ya paja unamsumbua. Helsinki 2005 mashindano ya dunia akaingia fainali ya mia mbili akaumia katikati, akamaliza wa mwisho kwa 26.27, sekunde ishirini na sita, hiyo hata mwalimu wake wa hesabu angeikimbia. 2006 michezo ya Jumuiya ya Madola Melbourne hakwenda, msuli ule ule. Maneno ya mtaani Kingston unaweza kuyakisia, mvivu, anapenda disko, anakula chipsi, hana moyo. Na disko kweli alikuwa anapenda na chipsi kweli alikuwa anakula, kwenye hilo hawakumsingizia, ila shida haikuwa hiyo.

Shida ilikuwa mgongo. Bolt ana uti wa mgongo uliopinda, kazaliwa nao, na mguu mmoja ni mfupi kuliko mwenzie kwa zaidi kidogo ya sentimita moja. Sasa chukua mwili mrefu hivyo, mgongo umekaa kama herufi S, nyonga imelala upande, halafu uuambie ukimbie kilomita arobaini na kitu kwa saa, kila hatua nyonga inayumba na anayelipa ni yule msuli wa nyuma ya paja. Kuna watafiti wa chuo kimoja Texas baadaye walichambua video za mbio zake wakakuta mguu wa kulia unapiga chini kwa nguvu zaidi kwa kama asilimia 13 na wa kushoto unakaa chini muda mrefu zaidi kwa asilimia 14. Yani mtu mwenye kasi kuliko wote waliowahi kupimwa alikuwa anachechemea! Kidogo sana huwezi kuona kwa macho lakini anachechemea.

Baada ya Athens akachukuliwa na Glen Mills, na kwangu mimi huyu mzee ndo sababu ya yote yaliyofuata. Mills alimwangalia akaona dogo anakimbia amejiegemeza nyuma, kifua kiko nyuma ya nyonga, kama mtu anayeshuka mlima anaogopa kuanguka, na hiyo ndo inaua mgongo wa chini na ile misuli ya paja. Hakumkimbilizia medali. Alimpangia kama miaka mitatu, tumbo na mgongo viimarishwe, mkao ubadilishwe, akapelekwa na kwa daktari Munich, Ujerumani, anaitwa Müller-Wohlfahrt, na mazoezi ya tumbo na mgongo akayafanya mpaka siku anastaafu. We fikiria nchi nzima inapiga kelele, kijana ana rekodi ya dunia ya vijana, na kocha anasema subirini. Huko kwetu kocha wa hivyo angefukuzwa Jumatatu.

Na hapa sasa ndo habari ya mia. Bolt alikuwa anaichukia mia nne, mazoezi yake yanatapisha, akawa anamwomba Mills amwache akimbie mia. Mills anakataa, wewe mrefu, hutoki vizuri, fanya mia mbili na mia nne. Kama mwalimu wa mwanao, neno kwa neno. Mwisho wakapatana, vunja rekodi ya taifa ya mia mbili nitakuruhusu. Rekodi yenyewe ilikuwa ya Don Quarrie, 19.86, imekaa tangu 1971, miaka 36. Juni 2007 Bolt akakimbia 19.75. Deni ni deni, Julai wakaenda Krete, Ugiriki, akakimbia mia yake ya kwanza ya ukubwani, 10.03. Mwezi uliofuata, mashindano ya dunia Osaka, akapata fedha ya mia mbili nyuma ya Mmarekani Tyson Gay. Mwaka uliofuata tarehe 31 Mei, New York, usiku, baada ya mvua kubwa kuchelewesha mbio, 9.72, rekodi ya dunia, kwenye umbali ambao ameukimbia mara chache tu maishani. Beijing ikafuata, 9.69 bila upepo wowote, 0.0, na mia mbili 19.30, akaifuta ile 19.32 ya Michael Johnson ambayo tulidhani tutazikwa tukiiacha.

Tuje kwenye kitu ulichouliza hasa, aliwezaje na urefu ule. Chukua kalamu. Berlin, tarehe 16 Agosti 2009, 9.58, walipima kila mita 20. Ishirini za kwanza 2.89. Za pili 1.75. Za tatu 1.67. Za nne 1.61. Za mwisho 1.66. Zisome tena taratibu. Umeona kwamba ishirini za mwisho ni za polepole kuliko zile za kabla yake? Bolt alikuwa anapunguza kasi! Na hili watu wengi hawalijui, kwenye mita mia hakuna mtu anayeongeza mwendo mpaka mwisho, wote wanafika kileleni mahali fulani kwenye sitini mpaka themanini na baada ya hapo wote wanapungua, wewe ukiangalia unaona mmoja kaongeza gia anawapita wenzie lakini ukweli ni kwamba wenzie wanakufa haraka kuliko yeye. Kijana wako pale wilayani hakuongeza mwendo nusu ya pili. Wenzie waliisha.

Sasa kwa nini mrefu anaisha polepole? Hesabu hatua. Bolt Berlin alitumia hatua 41 hivi kumaliza mita mia. Wakimbiaji wengi wa kiwango chake wanatumia 44, 45, wengine zaidi. Mia gawa kwa 41 unapata karibu mita mbili na nusu kila hatua, na hapo ni wastani, zile za mwanzo ni fupi kwa hiyo za katikati ni ndefu zaidi ya hapo. Mwenye miguu mifupi ili awe naye sawa inabidi azungushe miguu haraka zaidi, na kuzungusha haraka ndo kitu cha kwanza kuchoka mwilini. Ila urefu peke yake sio dawa, manake warefu wako wengi tu na hawana mbio, mrefu wa kawaida anapiga hatua ndefu lakini miguu inazunguka polepole kama feni umeme ukiwa mdogo. Ajabu ya Bolt ni kwamba alikuwa na hatua ya mrefu na mzunguko unaokaribia wa mtu wa wastani, na hilo nusu kazaliwa nalo nusu Mills kalitengeneza, kifua kikija mbele mguu unatua chini ya mwili na sio mbele ya mwili, na mguu ukitua mbele ya mwili ni breki.

Na huu msemo kwamba Bolt alikuwa mbovu kutoka uuchukue na chumvi. Beijing ndiyo, aliitikia mlio kwa sekunde 0.165, karibu wote walimtangulia kuinuka. Lakini Berlin aliitikia kwa 0.146, sawa na wengine tu, na kwenye mita 20 hakuwa nyuma ya Gay, tena Gay siku ile alikimbia 9.71 yake bora hadi wakati ule na akaonekana kama kasindikiza. Kutoka kunafundishika. Mrefu ana kazi zaidi pale chini manake ana vitu vingi vya kukunjua, goti refu, paja refu, mgongo mrefu, anachelewa kidogo, sawa, lakini anachelewa kwa vidole sio kwa mita tano. Kama mwanao anaachwa mita tano kwenye thelathini za mwanzo huo sio urefu, hajafundishwa kutoka.

Yaliyofuata nayapitia haraka kwa sababu hayo mnayajua. Mashindano ya dunia Daegu 2011 akachomoka kabla ya mlio akatolewa, toka 2010 sheria ni kosa moja tu unatoka, Mjamaika mwenzie Yohan Blake akachukua mia. London 2012, wiki chache baada ya kupigwa na huyo huyo Blake kwenye majaribio ya Jamaika mia na mia mbili, akarudi na 9.63 na 19.32, na mbio za kupokezana kijiti 36.84. Beijing 2015 mashindano ya dunia ndo mbio ninayoipenda kuliko zote, Mmarekani Justin Gatlin mwaka ule alikuwa hashikiki na Bolt hakuwa fiti, na mita za mwisho Gatlin akaanza kujirusha mapema, mikono ikatawanyika, akajikwaa kwenye miguu yake mwenyewe, 9.79 kwa 9.80. Bolt hakufanya chochote cha ajabu siku ile, alitulia tu. Mwonyeshe kijana wako hiyo badala ya Berlin. Rio 2016 tatu tena. Jumla ilikuwa dhahabu tisa za Olimpiki, zikabaki nane, manake Nesta Carter aliyekimbia naye kijiti Beijing alikutwa na dawa iliyokatazwa sampuli zilipopimwa upya na Januari 2017 timu nzima ikanyang'anywa. Mtu mmoja kala kitu, wote wakarudisha medali. Agosti hiyo hiyo ya 2017 London, mia akapata shaba nyuma ya Gatlin na Christian Coleman, halafu mbio yake ya mwisho kabisa, kijiti, kapokea kachomoka, hatua chache msuli wa paja ukakatika, akaanguka. Paja tena, kama Athens. Kashinda miaka kumi kasoro na mwili ule ule uliokuwa unamdai, na mwisho ukamkumbusha.

Sasa kijana wako.

Ngoja nikwambie kosa langu kwanza ili ujue kwa nini nakazania hili. Nilikuwa na kijana mrefu hivyo hivyo, miaka 16, mtulivu, hata kula alikuwa anakula kwa aibu. Siku ya mashindano nikamwandikisha mia, mia mbili, mia nne, kuruka chini na kijiti cha mia nne. Siku moja! Shule inataka pointi na mimi nataka shule ifurahi. Asubuhi akashinda mia mbili kwa mbali watu wakapiga makofi nikajiona kocha. Jioni kwenye kijiti, kona ya pili, nikamwona anashika paja kwa nyuma anarukaruka na mguu mmoja mpaka akakanyaga mstari wa chokaa na kukaa pale pale juu yake, kijiti bado anacho mkononi, hakukitupa. Alikaa nje miezi, akarudi, akaumia tena pale pale, mwishowe akaacha. Mpaka leo nikiona mtoto kaandikishwa michezo mitano tumbo linanikata.

Kwa hiyo la kwanza, kwenye mashindano michezo miwili, basi. Mia mbili iwe ndo mbio yake kuu kwa sasa na mia iwe ya pili, mtoto mrefu kwenye mia mbili anapata nafasi ya kukunjuka na hachekwi. Na mwalimu wake usigombane naye maana kwenye mia nne hajakosea kabisa, si unakumbuka ile 45.35 ya Bolt akiwa na miaka 16? Mia nne mara mojamoja, mwanzo wa msimu, inamjengea pumzi ya kutoisha mita za mwisho. Asihamie tu. Atembelee arudi.

Kutoka mfundishe hivi, na hahitaji vibao vya kuanzia, asimame tu, mguu mmoja mbele, ainame mpaka ahisi anaanguka ndo aondoke. Macho chini mita mbili mbele yake. Hatua saba nane za kwanza anasukuma ardhi kwa nyuma kama watu wanaosukuma daladala iliyogoma kuwaka, umeshawaona, hakuna anayesukuma gari amesimama wima. Watoto warefu wote kosa lao ni hilo moja, hatua ya pili tayari kainuka anaangalia watu. Mara sita kwa siku, siku mbili kwa wiki, na kati ya moja na nyingine apumzike dakika tatu nne, asifanye anahema, kasi haijengwi kwa kuhema.

Tumbo na mgongo kila siku asubuhi kabla ya kupiga mswaki, kwenye mkeka. Alale kifudifudi ajiinue kwa viwiko na vidole vya miguu mwili ubaki kama ubao, sekunde thelathini mara tatu. Halafu chali, magoti kakunja, anyanyue kiuno, ashushe taratibu, kumi na tano mara tatu. Inachosha kuangalia, inachosha kufanya, lakini nimeeleza hapo juu kilichompata asiyefanya. Vyuma vizito bado, asishike mpaka awe na mtu anayejua kukaa naye pembeni. Kilima kipo? Basi akimbie kupanda mita thelathini kwa nguvu, kushuka atembee. Kamba aruke.

Urefu wake mpime kila mwisho wa mwezi kwenye fremu ya mlango, piga mstari na penseli andika tarehe. Mwezi utakaoona mstari umeruka sana, punguza mbio za kasi, kwenye miezi hiyo mtoto anakuwa kama ndama, miguu yake mwenyewe haijui iko wapi, atajikwaa, muda wake utakuwa mbaya kuliko wa mwezi jana na atakuja kulia kwako. Mwambie ni mifupa imetangulia misuli inafuata. Akilalamika maumivu chini ya goti au kisigino usimwambie jikaze, mpumzishe, yakizidi wiki mbili tatu muone daktari, na mwambie daktari aangalie na mgongo. Na asikubali sindano wala kidonge cha rafiki wa rafiki, hata kile wanachosema ni vitamini tu.

Wakisema watu wa kwetu hawana mbio fupi, mwambie awajibu Seraphino Antao, mtoto wa Mombasa, yadi 100 na yadi 220 dhahabu zote mbili michezo ya Jumuiya ya Madola Perth 1962, kabla hata Kenya haijapata uhuru. Na Mkenya Ferdinand Omanyala aliyekimbia mia kwa 9.77 pale Kasarani Nairobi 2021, rekodi ya Afrika, katokea kwenye raga na wala sio mrefu.

Kazi yake ya wiki hii ni hii. Uwanja wa shule yenu bila shaka ni wa vumbi, na hapo mna bahati kuliko wenye uwanja wa kisasa. Siku mvua imenyesha kidogo usiku, asubuhi na mapema kabla ya wengine kukanyaga, mpimie mita mia, akimbie kwa nguvu zote mara moja, akimaliza arudi kinyumenyume anahesabu nyayo zake. Futi ya fundi cherehani inatosha kupima kutoka kidole mpaka kidole zile za katikati, mita hamsini mpaka sabini. Angalia na nyayo zenyewe, kisigino kimechimba? Kama kimechimba mguu unatua mbele ya mwili, ana breki, na hapo pana sekunde za kuokota bila kuongeza nguvu hata chembe. Kijana wangu mmoja alianza mwaka na nyayo 51 akamaliza na 48, sikumwongezea chochote zaidi ya mkao.

Akishahesabu niandikie idadi, na uniambie kama alihesabu na ule unyayo wa kwanza pale mstarini, wengi huwa wanauruka.